Jiko la Ethanoli Mjini Kampala: Moto Ni Mzuri, Mahindi Yanastahili Kuhojiwa

Jiko lenye vichomeo viwili linalotumia ethanoli, yaani kilevi kinachochomwa kama mafuta, ambalo sasa linapatikana katika baadhi ya maduka ya vyombo hapa Kampala, ni jiko zuri, na mtu anayepika ndani ya chumba kimoja cha kupanga hatajuta kulinunua. Mafuta yake ndiyo yenye mjadala. Duka nililonunulia, katika mtaa wa Kikuubo, linauza ethanoli ya aina mbili: moja imekenekwa, yaani imechemshwa na mvuke wake kukusanywa, kutokana na molasi, ule uji mtamu unaobaki katika viwanda vya sukari, na nyingine, yenye lebo ya kijani iliyochorwa gunzi la mahindi, inasifiwa kuwa nishati safi iliyotoka shambani. Ya mahindi ndiyo ya bei kubwa zaidi. Nimepikia zote mbili. Tathmini hii inalihusu jiko kwa sehemu tu. Sehemu kubwa inayahusu madai ya lebo ile, kwa sababu mnunuzi anaombwa aongeze fedha kwa ajili ya sifa ambayo hawezi kuiona katika moto.

Nianze na jiko lenyewe. Halina pampu, halina utambi, na mafuta yake hayakai kwa shinikizo. Chini ya kila kichomeo kuna kopo la bati lililojazwa nyuzi zinazofyonza ethanoli na kuishikilia, kiasi kwamba kopo lililojaa likipinduliwa juu chini halidondoshi kitu. Kinachowaka ni mvuke unaopanda kutoka kwenye nyuzi hizo. Kitufe cha mbele husogeza kifuniko cha chuma juu ya mdomo wa kopo. Mdomo ukifunguliwa zaidi moto unapanda, na ukifunikwa wote moto unakatika. Moto wenyewe ni wa buluu, hauna moshi, na tako la sufuria hubaki jeupe hata baada ya mchuzi wa karanga, ambao unataka muda na uvumilivu. Aliyezoea kusugua masizi kwa majivu ataiona faida hiyo kabla ya nyingine zote.

Kipimo cha kweli cha jiko katika nyumba nyingi za huku Buganda ni matooke, yaani ndizi za kupika, ambayo hufungwa kwenye majani ya mgomba, hupikwa kwa mvuke hadi yalainike, hupondwa yakiwa ndani ya majani yaleyale, kisha hurudishwa motoni yaendelee kuiva taratibu. Sigiri huifanya hatua hiyo ya mwisho vizuri sana, kwa kuwa makaa yanayofifia hutoa joto dogo lisilohitaji mtu wa kuliangalia. Jiko la ethanoli linaiweza pia, ila kitufe chake hakina alama za kiwango, na moto ukiwa mdogo kabisa, upepo wa dirishani unatosha kuuzima bila mpishi kujua. Posho, yaani ugali, nayo inafichua kasoro nyingine. Vishikio vya sufuria vimewekwa karibu mno, kwa hiyo posho inapoanza kukaza sufuria huzunguka pamoja na mwiko, na mpishi analazimika kuibana kwa kitambaa kwa mkono mmoja huku akisonga kwa mwingine. Kwa familia ya watu wanne si tatizo. Kwa anayepikia wafanyakazi wa ujenzi, jiko hili halifai.

Kuhusu usalama, jambo moja linahitaji msisitizo zaidi ya ule unaotolewa na maelezo ya kwenye boksi. Mchana, karibu na mlango ulio wazi, moto wa ethanoli hauonekani vizuri, na kopo lililotoka kuwaka hubaki na joto la kutosha kuuwasha mvuke wa mafuta mapya. Kopo lazima litolewe, lipoe kabisa, na kujazwa nje ya jikoni. Ethanoli huchanganyika na maji kwa kiwango chochote, kwa hiyo moto wake mdogo unaweza kuzimwa kwa maji, jambo ambalo hakuna anayepaswa kulijaribu kwa mafuta ya taa.

Maji hayohayo, hata hivyo, ndiyo mlango wa udanganyifu. Ethanoli na maji vikikenekwa kwa njia ya kawaida hufika kwenye asilimia 95 na ushee ya ethanoli na kugoma hapo. Masalio hayo ya maji hayana madhara jikoni, na ni afadhali yaachwe, kwa sababu kuyaondoa yote, kama petroli inavyotaka, kunahitaji vichujio maalumu na nishati ya ziada. Lakini mchuuzi anaweza kuongeza ya kwake. Jerikeni moja niliyoijaza kwa muuzaji mwingine wa mtaani ilitoa moto mzuri mwanzoni, kisha moto ukaanza kudhoofika siku baada ya siku ingawa kopo lilikuwa bado zito. Uzito huo ulikuwa wa maji: ethanoli huvukiza upesi na kuungua, maji yanabaki kwenye nyuzi, na kila kopo linapojazwa tena yanaongezeka. Dawa yake ni kuliacha kopo wazi juani likauke, na kumhama mchuuzi huyo.

Sasa gharama, ambayo ndiyo huamua mambo katika nyumba nyingi. Bei hubadilika kila mara, kwa hiyo ni heri kuwa na kipimo ambacho hakichakai. Lita moja ya ethanoli ina nishati ya megajuli (kipimo cha nishati) 21 hivi, na jiko la aina hii huipeleka kwenye sufuria zaidi kidogo ya nusu yake. Kilo moja ya makaa ina karibu megajuli 29, lakini sigiri ya kawaida hufikisha kwenye chakula chini ya robo tu. Ukipiga hesabu, lita moja ya ethanoli inafanya kazi ya kilo mbili kasoro za makaa kwenye sigiri ya bati. Kwenye sigiri iliyoboreshwa yenye ukuta wa udongo, inafanya kazi ya kilo moja na kidogo. Gesi ya mtungi ina megajuli 46 kwa kilo, na kilo hiyo ni sawa na lita mbili na kidogo za ethanoli. Kwa hiyo mnunuzi alinganishe bei ya lita moja na bei ya kilo mbili za makaa sokoni kwake, kisha bei ya lita mbili na bei ya kilo moja ya gesi. Tangu amri ya rais ya mwaka 2023 ilipopiga marufuku uchomaji wa makaa ya biashara katika Uganda ya kaskazini, ulinganisho wa kwanza unastahili kurudiwa mara kwa mara. Kwangu mimi ethanoli ya molasi ilisimama vizuri mbele ya makaa. Ya mahindi haikusimama, na mbele ya gesi zote mbili zilishindwa. Faida yao dhidi ya gesi ni kwamba lita moja inaweza kununuliwa leo na nyingine kesho kutwa, wakati mtungi unadai fedha nyingi kwa mkupuo.

Katika upishi, sikuona tofauti yoyote kati ya aina hizo mbili, na sikutarajia kuiona. Ethanoli ni ethanoli. Ikishakenekwa vizuri, haibaki na kumbukumbu ya mmea ilikotoka. Nilipomuuliza kijana wa dukani kwa nini basi ya mahindi inauzwa zaidi, alijibu kwa heshima, "Mama, hii ni ya wakulima wetu, na haichafui hewa." Nikamuuliza kiwanda kinachemsha mtambo wake kwa kitu gani. Hakujua, wala lebo haikusema, na hapo ndipo penye kiini cha suala zima.

Mahindi hayageuki kuwa mafuta bure. Hukobolewa au kusagwa, unga hupikwa kwa maji, vimeng'enya hugeuza wanga kuwa sukari, na hamira huichachusha sukari hiyo kwa siku mbili tatu hadi ipatikane pombe yenye asilimia 12 hadi 15 ya kilevi. Katika kuchachuka, karibu nusu ya uzito wa sukari hupotea hewani kama gesi ya kaboni dioksidi. Gunia la kilo 100 katika kiwanda cha kisasa hutoa lita 40 hivi za ethanoli, na machicha makavu yenye uzito wa karibu theluthi moja ya gunia, ambayo ni chakula kizuri cha mifugo kwa kuwa protini na mafuta ya punje hubaki humo. Kisha inakuja kazi ngumu kuliko zote, ya kuitenganisha ethanoli na maji, na kazi hiyo ni ya joto tupu. Mitambo bora ya Marekani hutumia kati ya megajuli 7 na 8 za joto kwa lita, kukausha machicha kukiwamo. Yaani zaidi ya theluthi moja ya nishati iliyomo katika lita hutumika kiwandani kabla mtu hajahesabu mbolea, trekta, lori na umeme.

Ndiyo maana wataalamu wa Marekani, nchi inayotumia zaidi ya theluthi moja ya mahindi yake kwa ethanoli, wamebishana kwa miongo. Mwaka 2002 Wizara ya Kilimo ya nchi hiyo ilikadiria kwamba kila kizio kimoja cha nishati ya kisukuku (mafuta, gesi asilia au makaa ya mawe) kilichotumika kilirudisha 1.34 cha ethanoli. Mwaka 2005 David Pimentel wa Chuo Kikuu cha Cornell na Tad Patzek wa Chuo Kikuu cha California, Berkeley, walipinga, wakasema kazi nzima inakula nishati asilimia 29 zaidi ya ile inayopatikana. Mwaka uliofuata watafiti wengine wa Berkeley walizipitia hesabu hizo katika jarida la Science, wakaonyesha kwamba zile zilizotoa hasara hazikuyapa machicha thamani yake na zilitegemea baadhi ya takwimu zilizopitwa na wakati. Tathmini ya wizara ya hali ya mwaka 2015 ilifikia wastani wa 2.1. Mimi naona hoja ya Berkeley ndiyo yenye nguvu, na kwamba mahindi ya Marekani kweli yana faida ya nishati. Lakini ni faida nyembamba. Miwa ya Brazili, kwa makadirio yanayotajwa sana, hurudisha karibu 8, na sababu yake kuu haimo katika utamu wa miwa: boila za huko, yaani mitambo ya kuchemshia maji ili kupata mvuke, huchoma makapi ya miwa yenyewe, wakati za Marekani huchoma gesi asilia inayonunuliwa.

Hesabu hiyo haiwezi kubebwa kutoka jimbo la Iowa la Marekani ikatuliwa Masindi, hapa Uganda, jinsi ilivyo. Mkulima wa kwetu mara nyingi hulima kwa jembe la mkono na hutia mbolea kidogo au hatii kabisa, kwa hiyo shambani tunatumia nishati ndogo sana ya kisukuku, na upande huo tunamshinda Mmarekani. Lakini yeye huvuna karibu tani 11 kwa hekta, nasi tunavuna tani mbili na nusu hivi. Hekta yake hutoa zaidi ya lita 4,000 za ethanoli. Yetu, kwa ufanisi uleule wa kiwanda, ingetoa lita 1,000. Ardhi ndiyo inayolipa tofauti hiyo, na ardhi ya Kiryandongo au Iganga haikai bure ikimsubiri mtengenezaji wa mafuta.

Kiwanda nacho kinaweza kuuharibu mchezo wote. Kuni zilizokauka kwa hewa zina megajuli 16 hivi kwa kilo. Kiwanda kidogo kinachotumia kilo 1.3 za kuni kukeneka lita moja kimekwisha kuchoma nishati sawa na ile inayouza, na yeyote aliyewahi kuona pipa la waragi, pombe kali ya kukeneka, likichemshwa kijijini, na ukubwa wa mrundo wa kuni uliolala kando yake, atakubali kwamba kufikia kiasi hicho si jambo gumu. Waragi wa kukeneka mara moja pia hauna nguvu ya kuwaka jikoni. Lazima urudiwe, na kila marudio yana kuni zake. Mafuta ya namna hiyo hayamwondoi mpishi wa mjini kwenye kuni. Yanauhamisha msitu kutoka kwenye gunia la makaa la Kampala hadi kwenye tanuri la kiwanda ambalo halionekani, na kisha kumtoza zaidi kwa ajili ya usafi. Sisemi kwamba hivyo ndivyo mafuta ya lebo ya kijani yanavyotengenezwa. Nasema lebo hiyo imeandika kila kitu isipokuwa jambo hilo.

Molasi ina nafasi nzuri zaidi, na si kwa sababu ya uzalendo. Ni salio la kiwanda cha sukari, kwa hiyo halina shamba lake la kuhesabiwa, na tani moja hutoa lita 250 hivi. Kakira, kiwanda cha sukari kilicho karibu na Jinja, huchoma makapi ya miwa kwa ajili ya mvuke na umeme, na ziada ya umeme huo huuzwa kwenye gridi ya taifa. Kiwanda chake cha ethanoli kiko palepale penye mvuke. Mtambo wa mahindi uliojengwa peke yake hauna bahati hiyo, ingawa mabua na magunzi yanaweza kuchomwa endapo mtu atagharamia kuyakusanya. Molasi ina mipaka yake pia. Haiwezi kuzidi sukari inayotengenezwa, watengenezaji wa vinywaji wanaigombea, na maji machafu yanayobaki baada ya kukeneka ni mengi na ni hatari kwa mito yasiposafishwa. Ethanoli ya jikoni, kwa bahati nzuri, hutiwa uchungu na rangi ili isinyweke, ingawa hilo halijawazuia wageni wangu kuuliza kwa utani kama jiko langu linatumia lira lira, ile pombe kali ya kienyeji.

Kuna hesabu nyingine ambayo lebo ya gunzi inaialika bila kukusudia. Gunia la kilo 100 lina kalori zinazoweza kumlisha mtu mzima mmoja kwa karibu miezi sita. Likigeuzwa ethanoli, familia inayochoma lita moja kwa siku italimaliza kwa siku 40, na itabakiwa na machicha. Mwaka wa mavuno mengi, bei inapoporomoka hadi mkulima anakosa hata gharama ya magunia, kiwanda cha kununua mahindi kingekuwa nafuu kubwa. Mwaka wa ukame kingeshindana na posho ya wanafunzi wa bweni. Kwa hiyo siwezi kuikataa ethanoli ya mahindi kabisa, lakini siwezi kuilipia zaidi kwa kudhani kwamba ni ya wakulima kwa misimu yote.

Hali moja tu ndiyo inayonishawishi. Mwezi Machi 2021 Kenya ilisimamisha uingizaji wa mahindi ya Uganda na Tanzania kwa sababu ya sumukuvu, ile sumu ya ukungu unaoota kwenye punje zilizovunwa mbichi au kurundikwa bila kukaushwa, na wafanyabiashara wetu waliokuwa mpakani walibaki na mzigo usio na mnunuzi. Mahindi ya namna hiyo hayafai kuliwa na mtu, lakini wanga wake bado ni wanga. Sumukuvu haipandi na mvuke wa ethanoli. Hubaki kwenye machicha. Kiwanda kinachonunua mahindi yaliyoharibika, badala ya kuyaacha yachanganywe kimyakimya na mazima kwenye kinu, kingekuwa kinafanya kazi ya maana hata kama faida yake ya nishati ni ndogo. Sharti ni moja na ni kali: katika machicha sumu hiyo hukolea hadi takriban mara tatu ya ilivyokuwa kwenye punje, kwa hiyo machicha hayo hayawezi kupewa kuku wala ng'ombe wa maziwa. Yachomwe kwenye boila, ambako yatapunguza mahitaji ya kuni. Lebo ingeandika hivyo, mimi ningekuwa wa kwanza kulipa.

Wanaopanga kununua jiko hili wafikirie pia kwamba jikoni si mteja pekee wa ethanoli. Sheria ya Nishati ya Mimea ya mwaka 2020 imefungua njia ya kuichanganya na petroli, na tangi la boda boda linaweza kulipa bei ambayo sufuria haiwezi. Ethanoli ina theluthi mbili tu ya nishati ya petroli kwa lita, kwa hiyo mchanganyiko wa asilimia 10 hupunguza nishati ya kila lita kwa asilimia 3 hivi, kiasi ambacho dereva hatakitambua kwa urahisi. Mpishi ndiye atakayetambua iwapo molasi yote itaelekezwa kwenye vituo vya mafuta na mahindi yakabaki kuwa chaguo lake la pekee.

Kwa hali ilivyo sasa, napendekeza jiko kwa wanaopikia watu wachache ndani ya nyumba, pamoja na ethanoli ya molasi, na lebo ya kijani iachwe rafuni hadi watengenezaji waandike wanachochoma kwenye boila na mahindi yao ni ya daraja gani. Anayenunua achukue na kopo la akiba siku hiyohiyo, ili moja lipoe wakati jingine linatumika, na akague ukingo wake kabla ya kulipa, kwa sababu makopo mawili kati ya yale niliyoonyeshwa dukani yalikuwa yamebonyea mdomoni na kifuniko hakikuweza kuyafunga sawasawa.